Barua kwa mwanangu aliye Granada: chumba hicho kina dirisha?

Lindi, mwezi wa Agosti

Mwanangu,

Assalaam alaikum. Sisi huku hatujambo, alhamdulillah. Mama yako anakusalimu sana. Kaka yako naye anakusalimu, ingawa hivi ninavyoandika yuko shambani anapuliza dawa ya mikorosho. Nimeamua kushika kalamu kwa sababu kwenye simu huniachi nimalize. Nikitamka tu neno vumbi unasema "nimekusikia baba," halafu unamuuliza mama yako habari za goti lake. Anayeichukua barua hii anapitia Madrid, ameahidi kuitia posta akifika.

Ule ujumbe wako wa sauti wa Jumatano nimeusikiliza mara nne. Ulikuwa unasema umeanza kuchonga nyuso za gita, yaani ile mbao ya mbele, za mwerezi, tatu kwa pamoja, na kwamba mwezi wa kumi unaondoka kwa mwalimu wako na kupanga chumba chako mwenyewe, cha chini ya nyumba, karibu na mto Darro, kodi nafuu. Mama yako alipiga kigelegele. Mimi nilikuwa nahesabu. Katika dakika zisizofika tatu umekohoa mara tano.

Mara ya kwanza nilidhani umepaliwa. Baadaye nikarudi nyuma kwenye ujumbe wako wa tangu mwezi wa Mei, mmoja baada ya mwingine, mpaka betri ya simu ikaisha. Ule unaoutuma asubuhi ukipanda Cuesta de Gomérez kwenda kazini, sauti yako haina hata mkwaruzo, na kupanda mlima unapanda. Ule wa usiku, umeshaoga, umeshakula, umekaa kitandani, ndio wenye kikohozi. Nikamuuliza daktari wa kifua, maana nilikuwa kwake kwa shughuli nyingine. Akaniuliza: anafanya kazi ya mbao gani? Nikamwambia mwerezi mwekundu, ule wa pwani ya magharibi ya Amerika Kaskazini. Alikaa kimya kidogo, kisha akasema mti huo una tindikali yake, na vumbi lake linajulikana duniani kote kwa kuwapa mafundi pumu. Akasema tabia yake ndiyo hiyohiyo: mchana mtu yuko salama, kifua kinambana saa kadhaa baadaye, usiku, hata yeye mwenyewe hafikirii kuhusisha kikohozi na kazi. Na inaweza kuanza baada ya miaka, kwa mtu aliyekuwa hana lolote.

Wewe hukuwa huna lolote. Hilo nitalirudia.

Najua utakachonijibu. Utaniambia mwerezi ni mbao ya heshima, kwamba yule José Ramírez wa tatu, fundi wa gita wa Madrid, aliuingiza kwenye nyuso za gita miaka ya 1960 na wapigaji wakubwa wakaukubali, kwa sababu sauti yake inafunguka mapema, haimsubirishi mpigaji miaka kama ile abeto, msonobari mweupe wa milima ya Ulaya. Hayo yote nimeyaelewa, na sikukatazi mwerezi. Nauliza kitu kimoja: unapoupiga msasa mwerezi huo, usoni umevaa nini? Kwenye ile picha uliyomtumia mama yako hukuvaa kitu. Nyusi zako nyekundu, kope nyekundu, unacheka meno yote nje. Mama yako ameifanya picha ya mbele ya simu yake, kwa hiyo kila akipigiwa mimi naliona lile vumbi.

Sasa nikuambie jambo ambalo sijawahi kukuambia vizuri. Lile gita lako la kwanza, ulilolileta Desemba ukasema "ni la kujifunzia tu, baba, usimwonyeshe mtu," nimewaonyesha watu. Nililipeleka barazani kwa mafundi wenzangu. Hawa ni watu waliochonga vitanda, milango na majeneza miaka arobaini, hawasifu kitu. Mmoja alipitisha kidole kwenye maungio ya mgongo akatafuta mstari wa gundi, hakuuona. Mwingine alitia kioo kidogo na tochi ndani ya tundu, akaviona vile vijiti saba chini ya uso, vimetawanyika kama vidole vya mkono uliofunguliwa, na vile vipande vidogo mnavyobandika kimoja kimoja kuzunguka ukingo wa ndani. Akaniuliza binti yako alibandika vyote hivi kwa mkono? Nikasema ndiyo. Akaniuliza shingo imeunganishwa wapi. Nikawaeleza ulivyonieleza, kwamba huko Hispania shingo na kiwiliwili havijengwi mbalimbali vikaja kuunganishwa mwisho, ila kisigino cha shingo kinakatwa mifereji miwili na mbavu zinaingizwa humo tangu mwanzo, gita likiwa limelazwa kifudifudi kwenye ubao wake. Tuliongea habari ya kile kisigino mpaka adhana ya magharibi. Mimi nilimfundisha mtoto kushika randa, nikaja kufundishwa naye maungio. Nilirudi nyumbani nimelipakata kama mtoto mchanga.

Lakini nyuzi zimeinuka. Huku kwetu unyevu ni mwingi, uso umevimba ukafanya tumbo, na sasa kuzikandamiza nyuzi pale chini kunaumiza vidole. Ulisema huko mnaunganisha mbao hewa ikiwa kavu, kwa kipimo. Basi limekuja kunywa maji ya Lindi. Nimelitoa ukutani maana ukuta ule unavuja, liko chumbani kwetu juu ya kabati, limefungwa kanga. Ukija utalitazama.

Turudi kwenye chumba.

Ukiwa kwa mwalimu wako, kuna mashine ya kufyonza vumbi, uliniambia mwenyewe, ina bomba mpaka kwenye msumeno wa mkanda. Na kuna sheria. Kaka yako amenisomea: nchi za Umoja wa Ulaya zimeweka kwamba vumbi la mbao ngumu hewani lisizidi miligramu 2 kwa mita moja ya ujazo, tangu Januari 2023, kabla ya hapo lilikuwa 3. Miligramu 2, mwanangu! Mimi nikipiga msasa meza moja ya mninga, vumbi lililobaki kwenye nyusi zangu peke yake linazidi hapo. Na tangu mwaka 1995 shirika la kimataifa la utafiti wa saratani limeliandika vumbi la mbao katika orodha ya vitu vinavyoleta saratani kwa binadamu, hasa ya puani. Mwaka 1995 mimi nilikuwa na karakana yangu na vijana watatu. Hakuna aliyekuja kutuambia, na hata angekuja sijui kama ningemsikiliza. Ila ukiwa kwa mwalimu, sheria inamdai yeye. Ukiwa peke yako chini ya nyumba ya mtu, nani atakuja kukukagua? Ndiyo maana chumba hicho kinaninyima usingizi. Wewe umenieleza bei yake na umbali wake kutoka kituo cha basi. Hukunieleza kama kina dirisha.

Umenitumia pia ile habari ndefu ya Antonio de Torres, yule fundi wa gita wa Hispania, nayo nimeisoma yote, kaka yako alinichapia kwa herufi kubwa. Nimempenda mzee huyo. Alizaliwa mwaka 1817 pale Almería, alianza useremala akiwa na miaka 12. Alianza na kazi kama yangu, mbao za watu, na gita likaja baadaye. Nimesoma pia kwamba alioa mapema na mke akafa akiwa na miaka 23 kwa kifua kikuu. Wewe hukupigia mstari hapo. Ulipigia mstari ile medali ya Sevilla ya mwaka 1858 na habari za Tárrega, yule mpigaji gita, kununua gita lake. Mimi nilikaa sana kwenye kile kifua.

Na nilikaa sana kwenye lile gita la karatasi. Kwamba mwaka 1862 alitengeneza gita ambalo mgongo na mbavu ni karatasi ngumu ya kubandika, uso tu ndio mbao, ili aonyeshe kwamba sauti inatoka kwenye uso. Na gita lenyewe lipo mpaka leo, Barcelona, kwenye jumba la makumbusho ya muziki. Nilisoma mara mbili, nikamwambia mama yako: huyu alikuwa fundi asiyeogopa kujaribu jambo mbele ya watu. Sasa nikuulize wewe uliyenitumia habari hiyo. Kama karatasi ilitosha kuwa mgongo, kwa nini mapafu yako yalipie ubavu wa rozwudi? Najua wanunuzi wanataka mbao nyeusi yenye michirizi. Lakini hata miberoshi ile ya kwenu huko, wanayotengenezea gita za flamenko, ni mbao nyepesi, safi, inapigika randa vizuri. Anza na hizo kwenye chumba chako kipya. Rozwudi uifanyie kwa mwalimu, penye bomba.

Ndiyo, najua alifika miaka 75. Utanijibu hivyo, nakujua. Utasema Torres hakuvaa barakoa na alichonga mpaka mwaka aliokufa, 1892. Nami nakujibu kama fundi. Torres alikuwa na randa, patasi na chuma cha kukwarua. Randa inatoa maranda, yanaviringika yanaanguka chini, unayafagia. Chuma cha kukwarua nacho, kikinolewa vizuri, kinatoa nyuzi laini zinazoanguka. Yaliyotuua sisi ni msasa wa umeme na msumeno wa umeme, vitu vinavyosaga mti ukawa kama unga wa sembe. Na ule unga unaouona kwenye mwanga wa jua sio ulio mbaya zaidi. Mbaya ni ule usiouona, unabaki hewani saa nzima baada ya kuzima mashine, na wewe ukishazima unavua barakoa, unakaa hapohapo unakunywa chai. Sisi tulikuwa tunakula wali juu ya meza ya randa.

Ubavu wa gita una unene wa milimita 2 tu. Wewe mwenyewe ulinionyesha kwa kipimo chako. Unaufikisha hapo kwa randa na chuma, halafu unauloweka na kuukunja kwenye bomba la moto. Msasa unaingia wapi hapo? Mwisho kabisa, kidogo, kwa mkono. Basi fanya hivyo. Itakuchukua siku zaidi, ndiyo. Torres huyohuyo, uzeeni, alikuwa akitoa kama gita 12 kwa mwaka. Na kabla ya hapo, aliporudi Almería, alifungua duka la vyombo vya kaure na kioo na mkewe wa pili, akawa anachonga pale duka linapopoa. Hakuona haya kuuza sahani. Nakuambia hili kwa sababu ulisema kwa kodi ile unahitaji kumaliza gita mbili kwa mwezi. Anayekimbizana na kodi ndiye anayesahau barakoa. Kama pesa haitoshi, tengeneza viti vya watu, rekebisha milango. Unaujua useremala, haukuondoki.

Halafu lile neno lako kwamba barakoa inakuzuia kuhisi kazi. Nimelisikia, na limenikera. Umenisimulia kwamba padri mmoja, rafiki yake Torres, alieleza baadaye maneno ya mzee: kwamba siri yake atazikwa nayo, kwa sababu iko kwenye ncha za vidole viwili, kidole gumba na kidole cha shahada, ndivyo vinavyomwambia kama uso umefikia unene wake. Niliamini mara moja. Hata mimi nikiushika ubao gizani nakuambia umebaki nusu milimita. Lakini vidole, mwanangu. Vidole! Barakoa unaivaa puani na mdomoni. Masikio yako wazi, ugonge ubao usikie unavyolia. Mikono yako wazi. Hakuna fundi anayepima uso wa gita kwa pua.

Kuhusu mpingo ulioniomba. Nimeulizia. Kwanza si rahisi kama ulivyodhani. Gita linataka vipande viwili vya mgongo, kila kimoja upana wa sentimita 20 na urefu zaidi ya nusu mita, na mpingo wetu unaujua: mti mwembamba, umejipinda, moyo una nyufa, ndiyo maana wanaoununua sana ni watu wa zumari na klarineti wanaotaka vipande vifupi. Ubao mpana ni bahati. Pili, huwezi kutia kwenye begi la mtu. Mpingo ni wa ukoo mmoja na rozwudi, na tangu Januari 2017 ukoo wote umeingizwa kwenye CITES, mkataba wa kimataifa wa biashara ya mimea na wanyama walio hatarini. Walilegeza mwaka 2019 kwa ala zilizokwisha tengenezwa, lakini mbao ghafi bado inadai kibali. Ukitaka kwa haki, kuna vijiji vya Kilwa vyenye msitu wao na cheti chao tangu 2009, pesa inarudi kijijini. Nitakwenda huko baada ya korosho, inshallah, nione kama wana ubao wa upana huo.

Lakini tatu, na hili ndilo kubwa: sitautuma mpaka nione. Nataka picha yako umevaa ile barakoa yenye machujio mawili pembeni, si kitambaa, si ile ya hospitali ya bluu. Mpingo unawasha. Unajua unavyowasha, uliwahi kutokwa vipele shingoni ukiwa darasa la tano. Ukinitumia picha, nakwenda Kilwa. Usiponitumia, mpingo utabaki Kilwa, na huko uliko una rozwudi za kutosha kukuumiza.

Mama yako amesoma hapo juu, amesema: "Mwandikie na ile ya maranda." Nimemwambia unaijua. Amesema niandike hata hivyo.

Ulikuwa unalala kwenye rundo la maranda pembeni ya meza, mchana, tangu hujaanza shule. Watu walikuwa wanapita wanasema angalia fundi mdogo. Nami nilikuwa napiga msasa hatua mbili kutoka hapo. Ulipoanza kubanwa kifua, mama yako alisema ni vumbi. Nilimwambia ni pumu, imetoka upande wao, bibi yako alikuwa nayo. Nilisema hivyo hata hospitali, daktari akaandika. Mwaka uleule nilipata pesa ya kazi ya milango ya shule, nikanunua ile randa ya umeme. Feni ya kutoa vumbi ilikuwa robo ya bei hiyo, ilikuwepo dukani palepale, niliiona. Bibi yako alibanwa mara mbili tu maishani, tena akiwa amepikia kuni mbichi. Basi.

Kwa hiyo ukisema "baba unaogopa sana," sawa, ninaogopa. Kifua chako si kifua kipya kama cha vijana wenzako wa Granada. Kimeshatumika kabla hakijafika huko. Wao wakikosea mwaka mmoja, wewe usikosee hata mwezi. Nenda hospitali mwambie daktari maneno haya matatu: mwerezi, usiku, utotoni. Akupime pumzi kwa kile kifaa cha kupuliza, upulize asubuhi kabla ya kazi na usiku baada ya kazi, wiki mbili, aandike tofauti. Usimwambie ni mafua, wala baridi ya ile milima yenye theluji.

Kwa vanishi sina wasiwasi sana. Ile ya kupaka kwa kidonge cha kitambaa, tabaka juu ya tabaka, naiona ni kazi ya subira na spiriti yake inaruka haraka. Fungua mlango tu.

Habari za nyumbani. Bati la upande wa jikoni tumelibadilisha, mabati kumi na mawili, la sebuleni litasubiri. Goti la mama yako lina nafuu, ameacha kuchota maji mwenyewe, lakini maandazi hajaacha. Kaka yako amepewa zamu yote ya kupuliza salfa mwaka huu. Wiki ya kwanza alikuja nyumbani macho mekundu, amejifunga fulana puani. Nimemnunulia barakoa ya kweli kutoka Mtwara, na nilikwenda shambani mwenyewe kuhakikisha anaivaa, nikakaa chini ya mkorosho nikimtazama. Alinung'unika kama wewe. Anaivaa. Shangazi yako anaozesha mwezi wa kumi na moja, anataka kitanda cha bibi harusi. Nimempeleka kwa fundi mwingine.

Pesa ya bati, kabla hujamuuliza mama yako, imetoka kwenye randa ya umeme. Nimeiuza kwa kijana wa Mingoyo. Na msumeno wa meza nao ameuchukua. Karakana nimeifunga tangu baada ya Ramadhani, sikutaka ulijue kwenye simu. Daktari wa kifua alinipiga picha, akanionyesha, kuna sehemu za chini zimekuwa nyeupe. Si jambo la kukurudisha nyumbani, usikate tiketi, nakukataza. Natembea, nakula, naswali. Msikitini nafika, ila napumzika mara moja pale kwenye mwembe, na siku za joto mara mbili. Randa ya mkono ya babu yako sikuiuza, patasi pia sikuuza, nazo hazitoi vumbi. Nachonga miko na vinu vidogo barazani. Ukija ni zako.

Lile deni la nauli usilifikirie. Ulisema utalipa kwa gita la kwanza utakalouza. Hiyo pesa nunua mashine ya kufyonza vumbi, yenye chujio zuri, hata kama imetumika. Nataka risiti. Mama yako anasema nimezidi kukudai vitu kwa picha na risiti kama karani. Sawa.

Na kabla hujasaini mkataba wa hicho chumba, chukua futi yako, upime dirisha. Upana, kimo, na urefu wake kutoka sakafuni. Uandike kama linafunguka kwenda nje au ndani, na kama linatazama mtoni au linatazama ukuta. Kama limepigiliwa misumari, uandike pia. Kama halipo, usisaini kwanza, nipigie, hata kama ni usiku. Kama lipo, nitumie vipimo, nitakuchongea fremu ya mninga ya kushikilia feni, ivunjike vipande vinne iingie kwenye begi, wewe huko utaiunganisha. Mbao ninayo, ni ile iliyobaki kwenye mlango wa mjomba wako, imekauka miaka sita.

Vipimo viwe kwa milimita.

Ni mimi baba yako.